Filamu Tangulizi za Star Wars: Hukumu Iliyobadilika na Kasoro Zilizobaki

Filamu tangulizi ni filamu inayotengenezwa baada ya nyingine huku ikisimulia mambo yaliyotokea kabla yake, na ugumu wake wa kwanza unatokana na hali hiyo hiyo, kwa kuwa mtazamaji huingia ukumbini akiwa tayari anaujua mwisho wa kisa. Katika historia ya bunilizi ya kisayansi, yaani hadithi zinazojenga ulimwengu wake juu ya sayansi na teknolojia ya kubuni, ni vigumu kutaja filamu za aina hiyo zilizozua mabishano marefu kama tatu ambazo George Lucas alizitunga na kuziongoza ili kueleza chanzo cha mfululizo wake wa Star Wars. Filamu hizo ni The Phantom Menace ya mwaka 1999, Attack of the Clones ya mwaka 2002 na Revenge of the Sith ya mwaka 2005. Kwa pamoja zinaunda trilojia, yaani kazi tatu zinazokamilisha kisa kimoja, na kisa chenyewe kina nyuzi mbili: mtoto mtumwa aitwaye Anakin Skywalker anakua na kugeuka Darth Vader, mwovu ambaye watazamaji walikuwa wakimjua tangu mwaka 1977, na wakati huo huo jamhuri iliyodumu kwa karne nyingi inageuka himaya ya mtu mmoja.

Kwa miaka kadhaa baada ya kutoka kwake, trilojia hiyo ilitajwa kama mfano wa namna msanii anavyoweza kuiharibu kazi yake mwenyewe. Baadaye upepo uligeuka, na sasa wapo wanaoitaja kuwa kazi kubwa iliyoonewa. Uchambuzi huu unashikilia kwamba tathmini mpya ina haki pale inapotambua fikra za kisiasa na msuko wa tanzia uliomo katika filamu hizo, lakini inapotoka pale inapotaka kuzifuta kasoro zake, kwa sababu ubora wa filamu hizo na kasoro zake vimetoka katika chanzo kimoja, ambacho ni uhuru wa mtunzi asiyekuwa na wa kumpinga.

Mapokezi ya kwanza

Return of the Jedi ilipotoka mwaka 1983, Lucas alikuwa amekifunga kisa alichokianza mwaka 1977, na miaka 16 ikapita kabla ya sehemu nyingine ya kisa hicho kikuu kuonyeshwa katika majumba ya sinema. Katika kipindi hicho kanda za video ziliingia majumbani, na mtoto aliyekuwa na umri wa miaka 7 wakati filamu ya kwanza ilipotoka akawa mtu mzima wa miaka 29 anayeijua filamu hiyo kwa ghibu. Mwishoni mwa mwaka 1998, kionjo cha The Phantom Menace kilipoanza kutangulizwa mbele ya filamu nyingine nchini Marekani, wapo watu waliolipa kiingilio, wakakitazama kionjo hicho cha dakika chache, kisha wakaondoka kabla filamu waliyoilipia haijaanza. Matarajio yaliyofikia kiasi hicho yasingeweza kutimizwa na filamu yoyote, na sehemu ya hasira iliyofuata ilikuwa hasira ya watu wazima walioutafuta utoto wao na kukuta kazi iliyotengenezwa kwa ajili ya watoto wa kizazi kingine.

Kibiashara hapakuwa na shaka. Filamu ya kwanza iliingiza takriban dola milioni 924 duniani ilipoonyeshwa kwa mara ya kwanza, ya pili takriban milioni 650, na ya tatu zaidi ya milioni 840. Mapato hayo hayathibitishi ubora, kwa maana katika biashara ya sinema kibaya nacho hutembezwa kwa gharama kubwa, lakini yanaonyesha kwamba chuki iliyosimuliwa baadaye haikuwazuia watu kurudi ukumbini mara ya pili na ya tatu. Malalamiko yenyewe yalikuwa bayana: mhusika wa kuchekesha Jar Jar Binks aliwachosha wengi, habari ya kodi za njia za biashara ilionekana kuwa nzito kwa filamu ya vituko, Nguvu, ile kani isiyoonekana inayowapa Wajedi, walinzi wa amani wa kisa hiki, uwezo wao, ilipewa maelezo ya kibayolojia kwa kuhusishwa na vijidudu vinavyohesabika katika damu, jambo lililoonekana kuivua fumbo lake, na mapenzi ya Anakin na mkewe wa baadaye, Padmé, katika filamu ya pili yalichekwa. Tuzo za dhihaka za Golden Raspberry, ambazo hutolewa Marekani kwa kazi zinazohesabiwa kuwa mbovu kuliko zote za mwaka, zilimwangukia Jar Jar kwa filamu ya kwanza, na kwa filamu ya pili zikamwangukia Hayden Christensen, aliyemwigiza Anakin kijana, pamoja na mswada wenyewe. Shabiki mmoja aliihariri upya filamu ya kwanza, akapunguza sehemu za Jar Jar, na toleo lake likasambaa kwa siri.

Hata hivyo kumbukumbu imeyarahisisha mapokezi hayo kupita kiasi. Mhakiki Roger Ebert aliipa filamu ya kwanza na ya tatu nyota tatu na nusu kati ya nne, akiiachia ya pili nyota mbili, na A. O. Scott wa gazeti la New York Times aliandika mwaka 2005 kwamba Revenge of the Sith ndiyo bora kati ya filamu zote nne za mfululizo huo ambazo Lucas aliziongoza mwenyewe, ikiwamo ile ya mwaka 1977. Picha ya kazi iliyokataliwa na kila mtu ilikamilika baadaye, hasa kuanzia mwaka 2009, pale uhakiki wa video wa kejeli wenye urefu wa zaidi ya saa moja, uliotolewa na kundi la Red Letter Media la Marekani, uliposambaa katika intaneti na kuwapa wengi maneno tayari ya kusemea karaha yao. Kwa hiyo anayetathmini upya hana budi kuuliza kwanza ni hukumu ipi anayoipindua: ya wahakiki wa siku zile, ambayo ilikuwa na pande nyingi, au ya mashabiki wa miaka kumi iliyofuata, ambayo ilikuwa na upande mmoja.

Sababu za upepo kugeuka

Mabadiliko ya hukumu yana sababu za nje na sababu za ndani, na kuzichanganya ndiko kunakoyavuruga mabishano mengi. Sababu ya kwanza ya nje ni umri. Watoto waliozitazama filamu hizi kati ya mwaka 1999 na 2005 sasa ni watu wazima, baadhi yao wakiwa waandishi, walimu na watengenezaji wa filamu, na kwao Anakin ni sehemu ya utoto kama Luke, shujaa wa filamu za awali, alivyokuwa kwa waliowatangulia. Sababu ya pili ni kazi zilizoongezwa. Mfululizo wa katuni wa The Clone Wars, ulioanza mwaka 2008 na kukamilika mwaka 2020 chini ya usimamizi wa Dave Filoni, uliijaza nafasi iliyoachwa kati ya filamu ya pili na ya tatu, ukamfanya Anakin awe kamanda mwenye mvuto na ukawapa askari wake majina na nyuso. Sababu ya tatu ni ulinganisho: kampuni ya Disney iliinunua Lucasfilm mwaka 2012 kwa dola bilioni 4 na ushei, na filamu zilizofuata kati ya mwaka 2015 na 2019, zikiwa zimepita mikononi mwa waongozaji wenye nia tofauti, zilionekana kukosa dira moja, jambo lililowafanya wengi waitamani dira ya Lucas hata pale walipokuwa hawapendi alikowapeleka.

Sababu hizo zinaeleza kwa nini Revenge of the Sith iliporudishwa sinema mwezi Aprili 2025 iliingiza takriban dola milioni 25 nchini Marekani katika wikendi yake ya kwanza, ikiwa na umri wa miaka 20. Hazielezi kama ni filamu nzuri. Mapenzi ya utotoni si hoja ya kihakiki, katuni iliyokuja baadaye haiwezi kuyarekebisha maigizo ya mwaka 2002, na udhaifu wa kazi ya Disney hauipi nguvu kazi iliyoitangulia. Hoja zinazostahili kupimwa ni zile zinazotoka ndani ya filamu zenyewe, na ziko katika maeneo matatu: siasa, muundo wa tanzia, na lugha ya picha na muziki.

Jamhuri inayojimaliza kwa kura

Eneo la siasa ndilo lenye utajiri mkubwa kuliko yote, na ndilo lililodharauliwa zaidi mwaka 1999. Kisa kinaanza na mgogoro mdogo: Shirikisho la Biashara, chombo cha wafanyabiashara chenye jeshi lake la roboti na kiti chake katika Seneti, linaizingira sayari ya Naboo kupinga kodi. Seneti inashindwa kuchukua hatua kwa sababu mshtakiwa naye ni mjumbe na anadai tume ya uchunguzi iundwe kwanza. Malkia Padmé Amidala wa Naboo, kwa ushauri wa seneta wake Palpatine, anaomba kura ya kutokuwa na imani na Chansela, ambaye ndiye mkuu wa serikali, na kiti kinapobaki wazi Palpatine anakikalia kwa sababu wajumbe wanaihurumia sayari yake. Mtazamaji anayezijua filamu za awali anatambua kwamba Palpatine ndiye Mfalme mwovu wa baadaye na kwamba uvamizi wenyewe ameupanga yeye, lakini hakuna mhusika mwema anayejua hivyo. Hiki ni kinaya cha kidrama, yaani hali ambayo hadhira inajua jambo ambalo wahusika hawalijui, na hapa kinatumika kuonyesha kwamba malkia mwaminifu, akifuata sheria na akiwa na nia safi, ndiye anayeufungua mlango.

Filamu ya pili inaipeleka hatua hiyo mbele. Baadhi ya sayari zinataka kujitenga, hofu ya vita inatanda, na Seneti inampa Chansela mamlaka ya dharura ambayo anaapa kuyarudisha pindi mgogoro utakapokwisha. Anayetoa hoja hiyo bungeni ni Jar Jar, yule yule aliyechukiwa kwa uzembe wake, sasa akiwa mwakilishi anayekaimu kiti cha Padmé, ambaye sasa ni seneta, na uteuzi huo wa mhusika una maana kubwa kuliko wahakiki walivyokiri wakati huo, kwa sababu mtu mwepesi wa kuamini ndiye anayefaa kutumiwa na mwenye hila. Mamlaka hayo yanatumika kulihalalisha jeshi la askari nakala, yaani watu waliozalishwa maabara kutokana na mtu mmoja, ambalo lilikuwa limeagizwa kwa siri miaka kumi nyuma. Katika filamu ya tatu Chansela anajitangaza mfalme mbele ya Seneti hiyo hiyo, na wajumbe wanampigia makofi huku Padmé akitazama uhuru ukizikwa kwa shangwe.

Lucas hakuficha alikolitoa wazo hilo. Amesema katika mahojiano kwamba alikuwa akijiuliza ni vipi demokrasia hujikabidhi kwa madikteta, akawataja Kaisari wa Roma, Napoleon na Hitler, na ameeleza kwamba wazo la himaya hiyo lilizaliwa katika enzi ya vita vya Vietnam na urais wa Nixon. Mfanano na historia ni wa karibu: Octavian, aliyeitwa Augustus mwaka 27 kabla ya Kristo, aliibakiza Seneti ya Roma ikiwa hai kwa jina, na bunge la Ujerumani lilipitisha tarehe 23 Machi 1933 sheria iliyomruhusu Hitler kutunga sheria bila bunge hilo. Star Wars inafuata njia hiyo hiyo, kwani katika filamu ya mwaka 1977 inatangazwa kwamba Seneti imevunjwa siku hizo hizo, maana yake ilikuwa ikikutana miaka yote ya himaya bila ya uwezo wowote.

Watazamaji wengi wa mwaka 2002 na 2005 waliziona filamu hizo kuwa fumbo kuhusu serikali ya Marekani baada ya mashambulizi ya Septemba 2001 na uvamizi wa Iraq wa mwaka 2003. Usomaji huo unaeleweka, lakini tarehe zinaupunguzia nguvu: upigaji picha wa Attack of the Clones ulifanyika Sydney, Australia, katikati ya mwaka 2000, kabla ya matukio hayo yote. Lucas hakuwa akitoa maoni juu ya habari za siku. Alikuwa ameeleza utaratibu wa kisiasa, nao ukajirudia mbele ya macho ya watazamaji wake, na jambo hilo ni sifa kubwa kwa mtunzi kuliko kejeli ya wakati.

Wajedi na mama aliyeachwa

Hoja ya pili inahusu Wajedi, jumuiya ya walinzi wa amani wenye kiapo na mafunzo ya kidini, ambao filamu za awali ziliwataja kwa heshima ya mbali. Walalamikaji wa mwanzo walisema filamu tangulizi zimewaonyesha wakiwa baridi, wenye kiburi na wepesi wa kudanganyika, na wakalihesabu jambo hilo kuwa kosa la uandishi. Usomaji wa makini unaonyesha kwamba ndivyo ilivyokusudiwa. Katika filamu ya kwanza Mjedi Qui-Gon Jinn anashinda dau linalomkomboa Anakin kutoka utumwani katika sayari ya Tatooine, ambako sheria za Jamhuri hazifiki. Anajaribu kumtia mama yake, Shmi, katika dau hilo na kushindwa. Kisha anaondoka na mtoto. Miaka kumi inapita, na jumuiya yenye mahekalu, vyombo vya angani na ukaribu na Seneti haimtumi mtu yeyote kumnunua au kumtafuta mwanamke huyo. Anayemweka huru ni mkulima aliyempenda. Anakin anapomfikia hatimaye, mama yake anafia mikononi mwake baada ya kutekwa, naye anawaua watekaji pamoja na wanawake na watoto wao.

Kila kinachofuata kinaota juu ya mzizi huo. Wajedi walimwambia mtoto wa miaka tisa aachane na hofu ya kumpoteza mama yake, wakakataza ndoa na mapenzi ya kushikamana, na kijana huyo alipoanza kuota kifo cha Padmé, mke aliyemwoa kwa siri, hakuwa na mtu wa kumwambia ukweli isipokuwa Palpatine. Tanzia, kwa maana yake ya kifasihi, ni kisa ambacho mhusika mkuu anaangamia kwa sababu ya udhaifu ulio ndani ya sifa yake njema, na hapa udhaifu wa Anakin ni kwamba hawezi kukubali kumpoteza anayempenda, ilhali udhaifu wa Wajedi ni kwamba hawana nafasi ya huzuni ya binadamu katika mafundisho yao.

Ukali wa muundo huo unaonekana wazi ukichunguzwa kwa karibu katika filamu ya tatu. Mwanzoni, Anakin amemshinda Count Dooku, kiongozi wa sayari zilizojitenga, na kumkata mikono, na Palpatine anamwamuru amuue. Anakin anasita, anatii, kisha anajuta kwamba hiyo haikuwa njia ya Wajedi, naye Palpatine anamtuliza kwa kusema kwamba mtu yule alikuwa hatari mno kuachwa hai. Baadaye Mace Windu, mkubwa katika Baraza la Wajedi, amemwangusha Palpatine na kumsimamia na upanga wa mwanga. Anakin anasihi mtu huyo apelekwe mahakamani, na Windu anajibu kwa maneno yanayokaribia kuwa yale yale, kwamba ni hatari mno kuachwa hai. Mwovu na mwema wamefikia sentensi moja, na kijana aliyefundishwa kuheshimu sheria anaona kwamba tofauti kati yao imetoweka. Msuko wa namna hiyo, ambao tendo la dakika za mwanzo linarudi likiwa limepinduliwa saa moja baadaye, hauwezi kuitwa kazi ya mtu asiyejua kutunga.

Picha, muziki na ukimya

Lucas amesema mara nyingi kwamba huzitunga filamu zake kama filamu za kimya, zinazopaswa kueleweka kwa picha na muziki hata maneno yakiondolewa, na ushahidi wa kauli hiyo umetapakaa katika trilojia hii. Mfano bora ni kipande kisicho na maneno katika Revenge of the Sith. Anakin ameamriwa asubiri peke yake katika ukumbi wa Baraza, Padmé yuko katika makazi yake upande wa pili wa jiji, na jua linazama kati yao. Kila mmoja anatazama dirishani kuelekea aliko mwenzake bila kumwona, muziki wa John Williams unabaki na sauti ya mwanamke inayoomboleza bila maneno, chozi linashuka, kisha Anakin anatoka mbio kuelekea ofisini kwa Chansela. Kwa muda wa kama dakika moja uamuzi unaoangamiza jamhuri unafanyika bila sentensi hata moja, na Christensen, aliyeshutumiwa kwa namna alivyotamka maneno aliyopewa, anatosha kabisa pale asipopewa neno la kutamka.

Muziki nao unabeba hoja. Mwishoni mwa The Phantom Menace gwaride la ushindi linapita mbele ya wakuu, Palpatine akiwemo, huku watoto wakiimba wimbo wa furaha. Atakayeusikiliza kwa makini atagundua kwamba umejengwa juu ya mdundo wa huzuni uliomwakilisha Mfalme mwovu katika filamu ya mwaka 1983, ukiwa umeharakishwa na kugeuzwa kuwa wa shangwe. Watu wa Naboo wanausherehekea ushindi wa adui yao bila kujua.

Kuhusu teknolojia, lawama iliyozoeleka ni kwamba kila kitu kilitengenezwa kwa kompyuta. Ukweli una pande mbili. Attack of the Clones ilikuwa miongoni mwa filamu kubwa za kwanza kupigwa yote kwa kamera za kidijitali, na Jar Jar, aliyeigizwa na Ahmed Best kisha kuchorwa kwa kompyuta, aliwatangulia kwa miaka wahusika wengi wa aina yake wanaosifiwa leo. Lakini filamu ya kwanza ilitumia pia vielelezo vingi vidogo vya majengo na vyombo vilivyoundwa kwa mikono, na umati unaoonekana kwa mbali katika uwanja wa mashindano ya mbio huko Tatooine ulikuwa vijiti vya pamba vya kusafishia masikio, maelfu kwa maelfu, vilivyopakwa rangi na kupangwa katika mfano wa uwanja. Kasri la Naboo lilipigwa picha katika jumba halisi la kifalme la Caserta, Italia, na jangwa lilipigwa Tunisia. Kinachostahili kukosolewa ni matukio mengi ya filamu ya pili na ya tatu ambamo waigizaji walisimama mbele ya mapazia ya rangi moja wakitazama vitu visivyokuwapo, kwa kuwa huko ndiko nyuso zinakoonekana kukosa cha kuitikia.

Kasoro zisizofutika

Tathmini mpya isiyozikabili kasoro inageuka utetezi wa mashabiki. Kasoro ya kwanza ni majibizano. Wahusika wanaeleza hisia zao kama wanaosoma maelezo ya kamusi, na mapenzi ya Anakin na Padmé, ambayo ndiyo mhimili wa tanzia yote, hayashawishi, kwa kuwa filamu ya pili inawaweka katika mandhari nzuri na kuwapa maneno yasiyotamkika. Wapo wanaodai kwamba ugumu huo ni mtindo wa makusudi wa filamu za zamani. Dai hilo lingekubalika kama ugumu ungekuwa sawa kwa wote, lakini Ian McDiarmid, aliyemwigiza Palpatine mara ya kwanza mwaka 1983 akiwa hajafika miaka 40, anayapa maneno ya mwandishi huyo huyo uhai na hila, hasa katika mazungumzo ya taratibu ndani ya jumba la opera anapomtega Anakin kwa hadithi ya bwana aliyeweza kuzuia kifo. Tofauti hiyo inaonyesha kwamba mwandishi alijua kuandika ushawishi, na hakujua kuandika mahaba.

Kasoro ya pili ni Padmé. Malkia aliyeongoza shambulio la kulikomboa kasri lake, kisha seneta aliyeongoza upinzani dhidi ya kuundwa kwa jeshi, anabaki katika filamu ya tatu kuwa mjamzito anayesubiri nyumbani, na anakufa kwa sababu ambayo roboti wa tiba anaieleza kuwa kukosa nia ya kuishi. Vipande vilivyomwonyesha akiungana na maseneta wengine kupanga upinzani vilipigwa picha na kuondolewa katika uhariri, na pamoja navyo ikaondoka nafasi ya siasa kuwa na sauti nyingine mbali na ya Palpatine.

Kasoro ya tatu ni sura za viumbe wa kigeni. Tangu mwaka 1999 wahakiki, akiwamo Patricia J. Williams aliyeandika katika jarida la The Nation, walionyesha kwamba lafudhi ya Jar Jar iliwakumbusha wengi dhihaka za jukwaani dhidi ya watu weusi, kwamba viongozi wa Shirikisho la Biashara walizungumza kama vikaragosi vya Waasia, na kwamba mfanyabiashara Watto alirudia taswira za kale za chuki. Lucasfilm ilikanusha. Mfululizo huu ulikuwa umezoea kukopa ndimi za dunia: mwaka 1983 mhusika Nien Nunb alipewa sauti na mwanafunzi Mkenya aliyezungumza lugha za kwao, Kikuyu ikiwa mojawapo, na watazamaji wa Kenya wakapata burudani wasiyoitarajia. Lakini lugha halisi isiyotafsiriwa ni jambo moja, na Kiingereza kilichovunjwa ili kuashiria ujinga au tamaa ni jambo jingine, na muda haujaifuta tofauti hiyo. Kilichobadilika ni namna mwigizaji anavyotazamwa. Ahmed Best alieleza hadharani mwaka 2018 kwamba kejeli za wakati ule zilimfikisha kwenye wazo la kujiua, na aliporudi mwaka 2023 katika The Mandalorian akiigiza Mjedi alipokewa kwa shangwe. Kumheshimu mwigizaji hakumlazimishi mtu kuutetea ubunifu wa mhusika aliyepewa.

Chanzo kimoja

Ubora na udhaifu huo haviwezi kuelezwa kila kimoja peke yake. Filamu ya mwaka 1977 iliokolewa kwa sehemu kubwa katika chumba cha uhariri na Marcia Lucas, Paul Hirsch na Richard Chew, walioshinda tuzo ya Oscar kwa kazi hiyo, na The Empire Strikes Back ya mwaka 1980 iliongozwa na Irvin Kershner kwa mswada wa Leigh Brackett na Lawrence Kasdan. Kufikia miaka ya 1990 Lucas alikuwa tajiri aliyeweza kuzigharimia filamu zake mwenyewe, ya kwanza ikigharimu takriban dola milioni 115. Mwongozaji Ron Howard amesimulia kwamba Lucas alimwomba yeye, Robert Zemeckis na Steven Spielberg waongoze The Phantom Menace, na wote wakamwambia afanye mwenyewe. Akafanya, akiandika peke yake filamu ya kwanza na ya tatu, na ya pili kwa msaada wa Jonathan Hales.

Hakuna studio ambayo ingemruhusu mtu atumie fedha za studio hiyo kutengeneza filamu ya watoto inayoanza na mzozo wa kodi, ikapitia kura ya kutokuwa na imani, na kuishia na shujaa anayewaua wanafunzi wadogo wa Wajedi. Mhasibu angeikata siasa kwanza. Lakini mshirika mwenye uwezo wa kusema hapana angeyakata pia majibizano ya mapenzi, angemrudishia Padmé nafasi yake, na angeuliza mapema jinsi lafudhi fulani zitakavyosikika. Upweke wa mtunzi ulilinda wazo na ukauacha utekelezaji bila mlinzi. Ndiyo sababu wanaozisifu kwa ujasiri wa fikra na wanaozilaumu kwa ubovu wa mazungumzo wanaizungumzia filamu moja, na wote wana ushahidi.

Hukumu inayofaa

Kwa vipimo hivyo, filamu tatu hazistahili hukumu moja. Revenge of the Sith inasimama kama tanzia kamili yenye mapungufu ya wazi. Mhakiki Camille Paglia, katika kitabu chake Glittering Images cha mwaka 2012, aliihesabu sehemu yake ya mwisho katika sayari ya volkano kuwa miongoni mwa kazi kuu za sanaa ya zama hizi, na ingawa kauli hiyo ina chumvi, inaelekeza jicho mahali panapostahili. The Phantom Menace ni filamu iliyodharauliwa kwa mambo yake bora na kusamehewa baadhi ya mabaya, kwa maana utumwa wa Shmi na ushindi wa siri wa Palpatine ndivyo vinavyobeba kisa chote, ilhali vikaragosi vyake vinabaki kuwa doa. Attack of the Clones ndiyo dhaifu kuliko zote kama drama, na ndiyo yenye wazo zito kuliko zote.

Tathmini ya kweli basi haipindui hukumu ya zamani juu chini. Inazitenganisha sehemu zake na kuuliza kila moja inategemea nini. Anayetaka kuzitetea filamu hizi hana haja ya kuyaficha mazungumzo ya mapenzi ya Attack of the Clones, na anayezishutumu hana budi kueleza ni vipi sinema ya burudani, iliyopigwa picha mwaka 2000 kwa ajili ya watoto, ilionyesha kwa usahihi kiasi kile namna bunge linavyoweza kujivua madaraka yake kwa kura halali.